Kitasa cha Nambari Kumi na Saba

Walinipigia simu kabla sijanywa chai:
lete keekee, lete silinda mpya, nambari kumi na saba,
Halifax ya juu, pale nyumba za mawe
zingali nyeusi kwa moshi wa viwanda
vilivyozikwa pamoja na babu zetu.

Mimi ni fundi vitasa. Sihukumu.
Hakimu huandika, dalali husoma,
nami hutoboa shaba, pauni tisini kwa mlango,
mvua inyeshe isinyeshe.

Bi Winifred Oldroyd alifungua kabla hatujabisha.
Amevaa koti la kanisani,
mkononi ana karatasi ndani ya mfuko wa mkate.
"Nimekata rufaa," akasema. "Tazama muhuri.
Imepokelewa Jumatatu."

Thackray, dalali wa mahakama, si mtu mbaya.
Ana goti bovu, ana binti anayesomea uuguzi.
Aliisoma karatasi yote,
hata upande wa nyuma usio na kitu,
kisha akasema polepole,
kama mtu anayeshuka ngazi gizani:
"Mama, rufaa ni kuomba. Haituzuii.
Kinachozuia ni amri nyingine,
ya kusimamisha utekelezaji. Uliiomba?"

"Niliiomba. Kijana wa masijala alisema
jaji ataliangalia faili Alhamisi."

Siku hiyo ilikuwa Jumatano.

Thackray akapiga simu mahakamani.
Tukasikiliza muziki wa kungojea, sote watatu,
tumebanana kwenye kijia cha ndani kama ndugu,
na nje wakili wa mwenye nyumba
hakuzima injini ya gari lake.
Muziki ukaisha, ukaanza upya.
Bi Oldroyd akauliza kama tunatumia sukari.

Saa nne hakupokea mtu.
Saa nne na robo Thackray akanitazama,
nami nikatazama viatu vyangu.

Silinda kuukuu hutoka kwa dakika nne.
Ile ilinichukua ishirini na moja.
Wakili alishusha kioo mara mbili.

Vikatolewa: kiti, cherehani,
saa ya ukutani ingali inatembea kifuani mwa mpagazi,
sahani zilizofungwa kwa magazeti,
na sanduku la viatu lenye matundu
alilolibeba mwenyewe, kwa mikono miwili.
Ndani yake kobe, amelala usingizi wa baridi.
"Asiamshwe," akatuambia. "Mpaka Machi, asiamshwe."
Wapagazi wale, wanaume wa kubeba makabati,
wakaanza kunong'ona.

Nikamkabidhi wakili funguo mpya, tatu, zinang'aa.
Akatia sahihi bila kuvua glavu.

Alhamisi saa tisa alasiri jaji akaliangalia faili.
Akaandika vizuri, nasikia, kwa lugha safi:
utekelezaji usimame hadi rufaa isikilizwe.
Usimame wapi?
Ulishapita mlangoni, ulishapanda ghorofani,
ulishavua viatu.
Thackray alinisomea amri ile kwenye simu,
alipofika mwisho akanyamaza,
nikasikia goti lake likilia.

Maji yakimwagika hayazoleki.
Sawa. Lakini waliosema hivyo
hawakueleza ni nani aliyeipiga ndoo teke,
wala kwa nini saa ya mahakama
ni nyepesi kwa mmoja, nzito kwa mwingine.

Sasa yuko Huddersfield, kwa mpwa wake, chumba cha nyuma.
Rufaa imepangiwa Juni.
Ufunguo wake wa zamani hakuutoa;
hakuna aliyemwomba, kwani ungefungua nini?

Nitasema sasa zile dakika ishirini na moja.
Keekee sikuiwasha.
Niliichokoa silinda ile pini kwa pini,
kama mtu anayetoa mwiba mguuni mwa mtoto,
ikatoka nzima.
Hakuna amri iliyoniagiza, na bei ni ileile.
Ipo kwenye droo yangu, ndani ya soksi,
na skrubu zake mbili.
Nimeitia mafuta.